Zuhura Ilipozimwa Moto Kismayu

Asubuhi ile tulikuwa tukipakia saruji na unga wa mahindi katika bandari ya Mombasa, nami nilikuwa nimekasirika kwa sababu ya vitunguu. Muuza mboga alikuwa ameniletea gunia lililoanza kuoza. Nilisimama kwenye mlango wa jiko la meli nikivichambua, vibovu navitupa baharini, vizima kwenye karai. Chini yangu, katika chumba cha boila, Muli alikuwa akiimba wimbo wa kanisa kwa Kikamba. Alikuwa na sauti mbaya sana. Alilijua hilo, na halikumzuia.

"Muli!" nikaita kupitia tundu la hewa. "Mungu si kiziwi!"

"Najua," akajibu kutoka chini. "Lakini boila ni kiziwi. Mimi naimbia boila."

Mabaharia waliokuwa sitaha wakacheka ingawa hawakuelewa nusu ya maneno yetu. Jua lilikuwa limeanza kupanda. Winchi ililia, magunia yakashuka ndani ya tumbo la meli, na Nahodha Shee akapita na kikombe chake cha kahawa akiniuliza mchana tutakula nini. Nikamwambia wali na maharagwe. Akasema, kama kila siku. Nikasema, kama kila siku.

Hiyo ndiyo siku ninayoikumbuka kuliko zote, kwa sababu hakukutokea kitu.

Mimi ni Kilonzo, mtu wa Mutomo, kule kusini mwa Kitui ambako mtu akikuambia kuna maji mtoni unamuuliza kwanza alipita huko lini. Nilizaliwa katikati ya mbuzi. Hadi nilipokuwa kijana mwenye ndevu sikuwa nimeona maji ya kumzamisha ng'ombe. Nilikwenda Mombasa kutafuta kazi kama wengi wetu, nikawa mpishi katika hoteli ndogo karibu na lango la bandari. Huko ndiko Nahodha Shee alikokula pilau yangu. Yeye ni mtu wa Lamu, na watu wa Lamu wanajua pilau. Aliimaliza sahani akasema, "Hii si pilau. Lakini imeiva, na mpishi wangu ametoroka. Unaogopa bahari?"

Nikamwambia siijui, nitaiogopaje.

Zuhura ilikuwa meli ndogo ya mizigo, ya mvuke, tena kuukuu. Wakati ule meli nyingine zote za pwani zilikuwa zimeshahamia injini za dizeli, lakini yetu ilikuwa bado na boila kubwa la duara lililochemsha maji na kuisukuma injini kwa mvuke. Ilitengenezwa Ulaya, mahali pa baridi, kabla baba yangu hajazaliwa. Jina la mji lilikuwa limechongwa kwenye kibati cha shaba karibu na usukani, lakini mikono ya manahodha wengi ilikuwa imelisugua hata likafutika. Wazungu waliitumia kupeleka barua na chumvi. Vita vyao vikubwa vilipokuja, iliwabeba askari kwenda kaskazini kupigana na Waitaliano. Baba yangu mkubwa alikuwa mmoja wa Wakamba waliopelekwa huko, na hadi kufa kwake alisimulia jinsi walivyotapika juu ya buti zao ndani ya meli ndogo yenye bomba refu la moshi. Huenda ilikuwa Zuhura. Nilipenda kuamini hivyo, na hakukuwa na mtu wa kunikataza.

Baadaye ikanunuliwa na familia ya wafanyabiashara wa Mombasa, ndio wakaipa jina hilo. Ikabeba nazi mbata, boriti za mikoko, sukari, mabati, saruji. Zamani ilikula makaa ya mawe. Tajiri akaibadilisha ikawa inakunywa mafuta mazito meusi. Ilikwenda polepole. Watu wa bandarini walikuwa na utani kwamba Zuhura ikitoka Mombasa na maharusi, itafika Lamu na wajukuu. Lakini ilikuwa na mwendo mtamu, mtulivu, bila kelele za dizeli. Ukiwa umelala kwenye kitanda chako ulisikia injini ikipumua kama mnyama mkubwa aliyeshiba. Nimelala katika nyumba nyingi tangu hapo, hata sasa nina nyumba ya mawe Mutomo, na sijapata tena usingizi kama ule.

Muli alikuwa mtu wa Kasikeu, Makueni. Alikuwa fayamani, yaani mtu wa kutunza moto wa boila, chini ya Fundi Rajabu, mhandisi wetu kutoka Tanga. Tulikuwa Wakamba wawili peke yetu melini. Wengine wote walikuwa watu wa pwani, na Kiswahili chetu kiliwachekesha kuliko sinema. Muli alisema "kitabu yangu" na "meli hii iko na njaa," nao wakarudia maneno yake kutwa. Mimi nilijitahidi kujifunza. Ndiyo maana leo vijana wa Mutomo husema mzee Kilonzo anaongea kama redio. Muli hakujitahidi. "Boila inanielewa," alisema.

Alikuwa ameoa karibuni. Mkewe Ndunge alibaki Kasikeu kwenye shamba, na alikuwa na mimba ya kwanza. Muli alipanga tukirudi kutoka safari ile aende nyumbani likizo, ajenge jiko jipya kabla mtoto hajazaliwa. Alinichosha na habari za jiko hilo: moshi utatokea wapi, kuni zitakaa wapi. Mtu wa moto alitaka kujenga jiko lisilo na moshi.

Safari ile ilikuwa ya Kismayu. Tulikuwa tumekwenda huko mara nyingi. Serikali ya Somalia ilikuwa imeshaanguka, na redio ilitaja mapigano kila jioni, lakini yalikuwa mbali na Kismayu, na watu wa Kismayu walihitaji unga. Tajiri alimuuliza nahodha kama anaona vyema kwenda. Nahodha akatuuliza sisi. Hakuna aliyekataa. Tuliupenda mji ule mweupe, na samaki wake, na watu wake waliotusemesha Kiswahili kilichofanana na cha Lamu.

Tena kulikuwa na Faduma. Alikuwa mama wa watoto, muuza chai karibu na gati, mwanamke mwenye sauti kubwa na moyo mkubwa zaidi. Chai yake ilikuwa ya maziwa ya ngamia, tamu hata meno yauma. Mara ya kwanza nilipofika, aliniuliza natoka wapi. Nikasema Ukambani. Akauliza, huko kuna nini? Nikasema kuna jua na mbuzi. Akacheka hata akaketi. "Basi wewe ni Msomali uliyepotea njia!" Tangu hapo aliniita Msomali wangu. Nilimletea vitunguu na pilipili hoho kutoka Mombasa, naye alinifundisha kupika nyama ya ngamia isiwe kama kamba.

Tulifika Kismayu salama na kuanza kupakua. Wateja wa unga walikuja, wa saruji hawakuja. Faduma alitia chai kama kawaida lakini hakucheka sana. Alisema watu wengine wameanza kuhama. Mumewe, fundi wa mashua upande wa pili wa mji, hakutaka kuhama. "Anasema vita vitapita barabarani, havitaingia ndani," aliniambia. "Wewe unaonaje?"

Nikamwambia mimi ni mpishi.

Siku hiyohiyo boila likaanza kuvuja. Bomba moja la ndani lilikuwa limetoboka kwa uzee. Fundi Rajabu alisikiliza, akatazama geji, akasema hatuwezi kurudi baharini hivyo. Dawa yake ni moja: kuzima moto, kungoja chuma kipoe, kutoa maji, kisha mtu mwembamba aingie ndani ya tanuri na kuliziba bomba lile kwa kizibo cha chuma. Mtu mwembamba alikuwa Muli.

Nawaeleza wale wasiojua meli za mvuke: injini ya dizeli unaiwasha na kuondoka. Boila likishapoa, meli ni nyumba tu. Kuliwasha tena ni kazi ya kutwa, kwa sababu chuma kinatakiwa kipate joto polepole; ukikiharakisha kinapasuka. Kwa hiyo tulizima moto, tukajua kwamba kesho yote hatuendi popote. Kwa mara ya kwanza tangu niingie Zuhura, nililala nikiwa sisikii chochote. Kimya kile kilinisumbua.

Asubuhi Muli alivua shati, akajipaka mafuta mabegani ili apite mdomoni mwa tanuri, akaingia na nyundo na tochi. Nilimpelekea chai nikamkuta miguu tu ndiyo iko nje.

"Kukoje humo?" nikamuuliza kwa Kikamba.

"Kama tumboni mwa mama," akasema. "Lakini mama mwenye masizi."

Ndipo tukasikia milio ya kwanza kutoka upande wa barabara kuu. Mwanzoni ilikuwa mbali, kama mtu anayepasua kuni. Halafu ikawa karibu. Halafu mabomu.

Nahodha alisimama sitaha akitazama mji. Moshi ulipanda mahali pawili. Watu walianza kuonekana kwenye njia za kuelekea bandarini, wakiwa na mafurushi, wakitembea haraka lakini bado hawakimbii. Nahodha alishuka mwenyewe hadi chumba cha boila.

"Muda gani, Fundi?"

"Kizibo bado. Kisha maji. Kisha moto. Nikifuata sheria, kesho alfajiri."

"Na usipofuata?"

"Leo alasiri. Kama Mungu akipenda na chuma kikapenda."

Kabla hawajamaliza kuzungumza, gari la wazi lenye bunduki kubwa lilisimama gatini.

Walipanda wanaume wenye silaha. Wengi walikuwa vijana. Mkubwa wao alijua Kiswahili kidogo. Alitaka unga uliobaki. Nahodha akasema, chukueni. Walipoupakia, yule mkubwa akasema wanataka na meli pia, iwapeleke wao na silaha zao pwani ya kaskazini.

"Haiendi," nahodha alisema. "Boila limezimwa."

"Unadanganya."

"Njoo uliguse."

Wakashuka chini. Nilikuwa huko, nimebana mgongo ukutani na birika mkononi. Fundi Rajabu alisimama kando ya tanuri, na mlango wake ulikuwa umerudishwa, wasijue kwamba linatengenezwa.

Muli alikuwa bado ndani.

Yule mkubwa aliweka kiganja chake juu ya chuma. Akakiacha hapo. Kisha akaligonga boila kwa kitako cha bunduki, na mlio wake ukajaa chumba kizima.

Ndani hakuna kilichojibu.

Akagonga tena. Akanusa vidole vyake, akasema neno kwa Kisomali, na wenzake wakacheka. Wakapanda juu. Tukasikia gari likiwaka na kuondoka.

Fundi alifungua mlango wa tanuri. Muli alitoa kichwa. Masikio yake yalikuwa yakitoka damu kidogo kwa sauti ile ya chuma. Alitutazama mmoja mmoja, akauliza kwa sauti ya juu kama mtu asiyesikia vizuri:

"Wamekunywa chai?"

Nilicheka hadi machozi. Sijui kama kilikuwa kicheko.

Kizibo kiliingia. Kisha ikaja zamu ya maji. Tulijipanga, mabaharia na mimi, tukapitisha ndoo kutoka kwenye matangi ya maji matamu kwa sababu pampu inatumia mvuke, na mvuke hatukuwa nao. Mikono yangu ilichubuka. Hatimaye Muli akawasha moto. Moshi mweusi ukatoka kwenye bomba refu, ukasimama juu ya bandari, kila mtu wa mji akauona.

Walikuja. Walijaza gati. Walikuwa Wasomali, Wabajuni, Wabantu wa mashambani, akina mama, wazee waliobebwa kwenye vitanda vya kamba. Nahodha hakuuliza mtu ukoo wake. Alisema tu, "Watoto kwanza, na msilete mizigo." Alisimama kwenye daraja la kupandia akimpokea kila mmoja mkono, kama mtu anayekaribisha wageni arusini.

Faduma alikuja na mama mkwe wake na watoto wake. Aliwapandisha, akawaketisha nyuma ya jiko langu, akaniambia, "Msomali wangu, hawa watazame."

"Na wewe?"

"Mume wangu yuko kwenye mashua zake. Naenda kumtoa. Nikimwambia mimi atakuja."

"Faduma, hatujui tutaondoka saa ngapi."

"Moshi wenu naujua. Bado mweusi. Mkiwa tayari utakuwa mweupe."

Ilikuwa kweli. Alikuwa ameitazama Zuhura miaka mingi akitia chai. Alishuka akipita kinyume cha watu wote, na kitambaa chake cha rangi ya machungwa nilikiona hadi kwenye kona ya ghala.

Alasiri moshi ukawa mweupe.

Mvuke ulikuwa nusu ya unaotakiwa. Fundi alisema unatosha kutusogeza. Risasi zilikuwa zimefika kwenye maghala. Nahodha aliangalia kona ile ya ghala, kisha akafanya jambo ambalo Fundi Rajabu alilipigia kelele kutoka chini: alivuta kamba ya honi. Honi ya meli ya mvuke hula mvuke. Aliipiga mara moja, ndefu. Akangoja. Akaipiga tena.

Watu walikuja wakikimbia. Faduma hakuwamo.

Akapiga ya tatu, kisha akasema tukate kamba.

Gari lile la wazi lilitokea tulipokuwa tumeachana na gati.

Walipiga risasi. Watu wakalala kifudifudi sitaha nzima. Nilimlalia mtoto wa mwisho wa Faduma. Nilisikia chuma cha bomba la moshi kikilia juu yangu.

Injini ilikuwa ikipumua.

Kisha ikaanza kukohoa.

Kizibo kilikuwa kimelegea. Maji na mvuke vilikuwa vikivuja ndani ya tanuri na kuuzima moto. Fundi Rajabu baadaye alinieleza yote, alinieleza mara nyingi, kana kwamba siku moja yangetoka tofauti. Alisema alimwamuru Muli atoke, kwa sababu chumba kilikuwa kimejaa mvuke wa kuchemka. Muli alikataa. Kila moto ulipozimika alifungua mlango mdogo, akausukuma mwenge ndani, akauwasha tena. Alijifunga gunia lililolowa maji. Moto ulizimika, akauwasha. Ukazimika, akauwasha.

Tulifika nje ya mlango wa bandari. Risasi zikawa haziwezi kutufikia.

Mara ya mwisho mafuta yalikuwa yamejikusanya ndani ya tanuri. Alipoingiza mwenge, moto ulimrudia.

Tulimpandisha juu na kumlaza kwenye kivuli cha jiko. Meli ilisimama kabisa, ikachukuliwa na mkondo, na Fundi Rajabu mwenyewe akashuka kukikaza kile kizibo kwa chuma kirefu kupitia mlango wa tanuri, bila kungoja boila lipoe, huku akilia kwa sauti bila haya. Kufikia machweo tulikuwa tukienda tena, taratibu, kuelekea Lamu.

Muli hakulalamika sana. Mikono na kifua na uso vilikuwa vimeungua kiasi kwamba sikujua nimguse wapi. Mama mkwe wa Faduma alimpaka mafuta ya ufuta kwa ncha ya kidole, akimsomea dua, na Muli, mtu wa kanisa, alimwacha asome. Alikuwa akiomba maji. Wakati mmoja aliniita.

"Hawa watu wamekula?"

"Unga umechukuliwa," nikamwambia.

"Vitunguu viko?"

"Viko."

"Basi pika, munyanyawa." Maana yake rafiki yangu. Hakuwa na kawaida ya kuniita hivyo.

Nikapika supu ya vitunguu na mchele kidogo uliobaki, kwenye sufuria kubwa, watu wote wakapata angalau bakuli moja kwa familia. Nilimpelekea yeye kijiko, akakionja, akasema chumvi haitoshi. Alikufa asubuhi, kisiwa cha kwanza cha Lamu kikiwa kinaonekana. Watoto wa Faduma walikuwa wameamka na kukimbizana sitaha.

Nilimrudisha nyumbani mimi. Kwa meli hadi Mombasa, kisha kwa gari, barabara ile ndefu ya kupanda, hadi Kasikeu. Ndunge alikuwa ameshaambiwa. Alisimama mlangoni mwa nyumba yake, tumbo lake kubwa, mikono yake juu ya tumbo, na hakuja kutulaki wala hakulia. Alisubiri tumletee.

Siku ya maziko, mchungaji alisema ndugu yetu alipatwa na ajali kazini. Hakusema kwa ubaya. Ndivyo alivyoambiwa, na Kenya haikuwa vitani. Mzee mmoja aliniuliza kando ya kaburi, "Wewe unasema vita. Vita gani? Amepigwa risasi?" Nikasema hapana. "Basi ni ajali." Nilitaka kumweleza habari ya kiganja juu ya boila, na moshi, na honi, lakini watu walikuwa wakipita na mchanga mikononi, nami nikachota wangu. Kwa miaka mingi jambo hilo liliniuma. Nilitaka Muli aandikwe kati ya waliouawa na vita. Sasa sijui kama ingebadilisha chochote pale Kasikeu.

Zuhura haikwenda tena kaskazini. Ilifanya safari chache za Tanga na Pemba, kisha ikafungwa kwenye mkono wa bahari nyuma ya mji, pamoja na meli nyingine zilizochoka. Nahodha Shee alistaafu. Nilikwenda kuiona mara ya mwisho wakati wakataji wa vyuma walipokuwa wameshaanza. Walikuwa wamelitoa boila na kulilaza ufukweni, nao walikuwa wakilikata kwa moto wa gesi. Niliweka mkono wangu juu yake. Lilikuwa na joto la jua tu. Nikanunua tikiti maji kwa mchuuzi, nikakaa nikila na wale wakataji, tukaongea habari za mpira. Kisha nikapanda basi la Kitui.

Nasikia hamu na meli ile kuliko ninavyoweza kueleza mbele ya wanangu, ambao wanaona ni chuma. Nawakumbuka watu wakicheka Kiswahili cha Muli. Nakumbuka harufu ya mafuta mazito na kahawa, na Lamu ikitokea asubuhi, na mji mweupe wa Kismayu ukiwa bado na mwanamke wa kunikaribisha kwa kelele. Faduma sikupata kumsikia tena. Mama mkwe na watoto waliishi kwenye kambi ya wakimbizi pwani. Niliwatembelea nikiwa na sukari, na kila mara bibi yule aliniuliza mimi habari zake, nami nilimuuliza yeye. Halafu kambi ikafungwa, wakapelekwa mahali pengine, na sikuwapata. Muli ana kaburi. Faduma ana ile kona ya ghala.

Kasikeu naenda bado. Natoka Mutomo kila baada ya mavuno, kama kuna mavuno, na gunia la ndengu. Mtoto alizaliwa msichana, akaitwa Mwende. Sasa ni mama mwenyewe, mwalimu wa shule ya msingi. Mara ya mwisho aliniuliza baba yake alikuwa mtu wa namna gani, na nikamwambia alikuwa mwimbaji mbaya kuliko wote niliowahi kuwasikia. Alicheka sana. Aliniambia hata yeye ametolewa kwaya.

Ndunge alikuwa ameketi nasi, akichambua mbaazi kwenye ungo. Nikaanza, kama nifanyavyo siku zote, kuwasimulia wale watu waliojaa sitaha. Nikasema juu ya mzee aliyebebwa kitandani, na akina mama, na watoto waliokimbizana asubuhi ile. Jinsi leo wana watoto wao, na wajukuu, kijiji kizima kinachopumua kwa sababu ya Muli.

Ndunge aliweka ungo chini.

"Kilonzo," akasema, "kila ukija unaniletea watu hao. Mimi nimefurahi waliishi. Ningekuwa pale ningewashika mkono wapande. Lakini mimi nilikuwa nataka mmoja tu."

Mwende akainamisha kichwa. Nje jirani alikuwa akimwita mbuzi.

Niliona kwamba miaka yote nilikuwa nikiwabeba watu wale hadi Kasikeu ili mimi nipate kulala, na yeye alikuwa amenivumilia kwa heshima, mwaka baada ya mwaka, akinipa chai. Nikachukua mbaazi kutoka kwenye ungo wake, nikaanza kuchambua naye.

Tangu siku hiyo siwataji tena. Napeleka ndengu, tunakaa, tunaongea habari za mvua. Na tukimtaja Muli, tunamtaja peke yake.